Walikula kwa Nani? Kwa Treni Kutoka Kaburi la Tansen hadi Mumbai

Jumamosi, Gwalior

Treni ya kutoka Delhi ilitushusha kabla ya adhuhuri, na hata mizigo hatujaiweka sawa shemeji ameshauliza mkwaju uko upande gani. Yeye ni mpiga kinanda wa taarab, Mombasa, na miaka yote amesikia kwamba kando ya kaburi la Tansen kuna mkwaju ambao waimbaji wa India hutafuna majani yake ili sauti ilainike. Dereva wa bajaji hakushangaa hata kidogo. Alitutazama tu, akawasha injini.

Kaburi liko mtaa wa Hazira, ndani ya ua mmoja na la Sheikh Muhammad Ghaus, walii wa Kisufi aliyefariki 1563. La sheikh ni jengo kubwa la mraba, kuta zake za mawe zimechongwa matundu matundu mpaka jua likipita linaanguka sakafuni vipande vipande. La Tansen ni dogo, juu ya jukwaa la wazi, nguzo chache na paa. Ukipita mbio utadhani amelala hapo mtumishi wa sheikh. Kumbe ndiye ambaye Abul Fazl, mwandishi wa mfalme Akbar, alisema India haikuwa imepata mwimbaji wa mfano wake kwa miaka 1,000.

Tansen alikuwa akiimba kwa Raja Ramchandra wa Rewa. Mnamo 1562 hivi Akbar akamtaka, na raja hakuwa na ubavu wa kukataa. Mwimbaji akahama kama zinavyohama johari na tembo, kutoka hazina moja kwenda nyingine, wala hakuna mahali palipoandikwa kwamba yeye mwenyewe aliulizwa. Nimesimama pale nikajiwekea swali la kutembea nalo safari nzima: hawa mafundi wakubwa, walikula kwa nani? Na waliowalisha walidai nini?

Mkwaju upo. Shemeji alichuma majani mawili matatu, akatafuna kwa heshima zote. Akasema sauti haijabadilika ila meno yamekufa ganzi.

Jumapili, Gwalior

Asubuhi tulipanda ngomeni. Kasri la Man Singh Tomar, aliyetawala kuanzia 1486 hadi 1516, bado lina vigae vya buluu na safu ya mabata ya manjano ukutani. Katika baraza la mfalme huyu ndimo ilimolelewa drupadi, uimbaji mzito wa kale ambao mwimbaji anaweza kumaliza nusu saa nzima akiifunua raga, ule mpangilio wa noti anaojengea wimbo, bila ngoma, noti moja baada ya nyingine. Tulichosikia sisi leo ni kelele za watoto wa shule waliokuja matembezi.

Hadithi ya Gwalior niipendayo ni ya karne ya 19, enzi ya wafalme wa Scindia, wakati khayali ilikuwa imeshika nafasi ya drupadi: uimbaji ulio huru zaidi, wenye mapambo, maneno machache na kubuni kwingi. Ndugu wawili vijana, Haddu Khan na Hassu Khan, walikuwa wakilelewa barazani. Alikuwepo pia Bade Mohammed Khan, bingwa wa taan, zile mbio za noti zinazopanda na kushuka kwa pumzi moja. Mzee huyu hakufundisha nje ya ukoo wake. Inasimuliwa kwamba mfalme aliwaficha vijana nyuma ya pazia kila mzee alipoimba, hadi siku moja wakatolewa hadharani, wakaimba mtindo wake na yeye mwenyewe amekaa pale pale. Mzee akaona ameibiwa. Akamtaka Hassu aimbe taan moja ya hatari, kijana akaikazania mpaka damu ikamtoka, na hakupona.

Hata ukiondoa chumvi, inabaki picha ya namna mambo yalivyokuwa. Muziki ulikuwa mali ya ukoo kama shamba la minazi: ukimgawia wa nje, umempunguzia mwanao urithi. Mfumo huo ndio gharana, ukoo wa damu na mafunzo, wenye kubeba jina la mji. Gwalior ndiyo gharana kongwe ya khayali, na wengi waliofuata walichota hapa kwa njia moja au nyingine.

Mchana tukaenda Sarod Ghar, nyumba ya ukoo wa Hafiz Ali Khan, ambayo sasa ni makumbusho. Mwanawe Amjad Ali Khan ndiye sarodi yake inayojulikana dunia nzima leo. Sarodi ni mjukuu wa rababu ya Waafghani: tumbo la mbao lililowambwa ngozi, shingo iliyofunikwa bamba la chuma linalong'aa, halina vizuizi vya kuonyesha noti ilipo. Mpigaji hutelezesha ukucha juu ya chuma. Shemeji alisimama mbele ya kabati moja muda mrefu, akitazama kucha zake.

Jumanne, Maihar

Tulifika alfajiri, usingizi haujaisha. Maihar ni mji mdogo wa viwanda vya saruji, wenye hekalu la Sharda juu ya kilima na ngazi zaidi ya 1,000. Mahujaji walishuka kwa mamia. Waliokuja kwa ajili ya muziki tulikuwa sisi wawili.

Kwa raja wa hapa, Brijnath Singh, ndiko alikokuja kuajiriwa Allauddin Khan, mzaliwa wa Shibpur, katika Bengali ya mashariki ambayo leo ni Bangladesh. Utotoni alitoroka kwao kutafuta muziki. Akajifunza karibu kila ala iliyopita mikononi mwake, fidla ikiwemo, na hapa akapata mshahara na paa. Watu bado humwita Baba. Alikuwa Mwislamu wa kushika sala, na ngazi za Sharda alizipanda pia, wala hakuona kwamba anadaiwa maelezo.

Baada ya maradhi ya mlipuko kuacha watoto wengi yatima mnamo 1918, Baba aliwakusanya, akawafundisha, akaunda bendi. Kwa ajili yao alibuni ala inayoitwa nal-tarang, iliyotengenezwa kwa mitutu ya bunduki. Bendi ya Maihar ipo mpaka leo, na tulionyeshwa ala hiyo: mitutu imekatwa kwa urefu tofauti, imelazwa juu ya fremu ya mbao, mirefu upande mmoja na mifupi upande wa pili. Nilipitisha kidole juu ya mmoja. Chuma cha baridi, kizito, ukingo umelainishwa. Mpigaji alishika vijiti viwili akaupiga mstari mfupi, na sauti ikatoka nyororo, ya juu, bila kukwaruza. Shemeji aliomba vijiti. Akapiga kibwagizo cha taarab, kwa kusitasita. Yule bwana akacheka, akakirudisha kile kile, lakini kila noti ameizungushia tikisiko mpaka shemeji akashika kichwa.

Kwa wanafunzi wake wa ndani Baba alikuwa moto. Mazoezi yalikwenda saa nyingi kwa siku na fimbo ilikuwepo. Mwanawe Ali Akbar Khan, aliyezaliwa 1922, aliwahi kutoroka. Ravi Shankar, mpiga sitari, ile ala ya nyuzi yenye shingo ndefu, alikuja 1938 akiwa na miaka 18, ametokea maisha ya hoteli za Ulaya na kundi la ngoma la kaka yake Uday, akalala katika nyumba ya nge na mbu. Nikhil Banerjee na mpiga filimbi Pannalal Ghosh nao walipita mikononi mwake.

Yupo pia binti, Annapurna Devi, aliyezaliwa 1927 na kupiga surbahar, sitari kubwa ya sauti nene. Aliolewa na Ravi Shankar 1941. Waliowasikia wote wawili jukwaani hawakuwa na haraka ya kusema nani ni mkubwa. Kisha yeye akaacha kupiga hadharani, akajifungia kwenye nyumba ya ghorofani Mumbai akifundisha. Hariprasad Chaurasia, bingwa wa filimbi, ni mwanafunzi wake. Alifariki 2018, na rekodi zake zinahesabika kwa vidole. Watu hutaja tamasha la Monterey alikopiga Ravi Shankar, na California, wanapoeleza Maihar ilichoipa dunia. Mimi nadhani hasara ya kimya cha Annapurna haijapata kupimwa.

Mwaka 1947 ulipofika, falme ndogo kama hii zikamezwa na nchi mpya. Baba alibaki Maihar mpaka kufa kwake 1972. Wanafunzi walikuwa wameshaondoka kutafuta mlo kwingine: redio, filamu, ng'ambo. Ali Akbar alifungua chuo California 1967.

Alhamisi, Varanasi

Kwenye ngazi za Assi, jua halijatoka, huimbwa raga ya alfajiri hadharani, bure. Leo alikuwa kijana mwenye tanpura mbili, ala za nyuzi za kuvumisha noti ya msingi, nyuma yake, na raga ilikuwa Bhairav. Kinachoifanya Bhairav iwe ya saa ile ni noti ya pili na ya sita, ambazo zimeshushwa na hazisimami wima. Mwimbaji huzitikisa polepole, akizikaribia kutoka juu. Kijana alikaa kwenye ile ya pili hadi mzee mmoja pembeni yangu, kikombe cha udongo cha chai mkononi, akatoa sauti ya kuridhika iliyotoka tumboni.

Mchana tulitafuta vichochoro vya Hadha Sarai alikoishi Bismillah Khan. Alizaliwa Dumraon, Bihar, 1916, akaletwa hapa mtoto kwa mjomba wake aliyepiga shenai, zumari la harusi na la malango ya mahekalu, katika hekalu la Vishwanath. Watu wa zumari walikaa nje ya lango. Bismillah aliliingiza ukumbini, likasikilizwa kama sarodi na sitari zinavyosikilizwa. Alipiga Ngome Nyekundu ya Delhi India ilipopata uhuru 1947. Mazoezi yake yalikuwa kwenye hekalu la Balaji kando ya Ganga. Muharram ikifika alitembea kwa miguu akipiga maombolezo ya Karbala. Alifariki 2006, baada ya kupewa nishani ya juu kuliko zote, Bharat Ratna, na amezikwa chini ya mwarobaini.

Jioni tukapita Dal Mandi, ambayo sasa ni soko la bidhaa za jumla. Zamani ghorofa za juu zilikuwa za tawaif, waimbaji na wachezaji wa kike waliolea tumri, wimbo wa mapenzi ambao mstari mmoja huimbwa mara kumi na kila mara maana inageuka kidogo. Siddheshwari Devi na Rasoolan Bai walitoka katika ulimwengu huo. Waliwalisha wapiga tabla na wapiga sarangi, ala ya nyuzi ya kukwaruzwa kwa upinde, walijenga nyumba kwa jasho lao, walilipa kodi. Kisha katika miaka ya 1940 redio ya taifa ikaamua isiwapokee wanawake ambao maisha yao yalihesabiwa kuwa ya kashfa. Nyumba ya Rasoolan Bai, Ahmedabad, ilichomwa katika ghasia za 1969. Tumri iliendelea kupigiwa makofi kwenye kumbi safi, na waliosahauliwa ni waliokuwa wakiimiliki.

Jumamosi, ndani ya treni

Varanasi hadi Mumbai ni zaidi ya saa 24, na tunapita tena Maihar usiku, taa chache na king'ora. Hakuna cha kusimulia isipokuwa ugomvi.

Nilimweleza shemeji kwamba kuanzia 1940 hadi 1971 All India Radio, ile redio ya taifa, ilikipiga marufuku kinanda chake, harimoni. Hakuamini. Sababu yao ilikuwa kwamba muziki huu unaishi katika mteremko kutoka noti hadi noti, na harimoni haina mteremko. Kila kibonye kina noti yake iliyofungwa na kiwanda. Tena ilitoka Ulaya. "Shemeji," akasema, "kwa hiyo zile taarab zote za kwetu zenye kinanda ni makosa?" Nikamwambia redio ile ile ndiyo iliyolipa mishahara ya mamia ya wanamuziki baada ya wafalme kuondoka, na kuwapima kwa usaili na kuwapa madaraja. Katika miaka ya 1950 waziri wake, Keskar, alizibana hata nyimbo za filamu, wasikilizaji wakahamia Redio Ceylon. "Basi walipata mfalme mwingine," akasema, akageukia ukutani akalala. Sikuwa na la kuongeza.

Jumatatu, Miraj

Miraj iko kusini mwa Maharashtra, na ina mtaa mzima wa watengeneza sitari na tanpura. Ukoo wa Shikalgar ulioanzisha kazi hii katikati ya karne ya 19 walikuwa mafundi wa silaha. Biashara ya panga ilipokufa, mtawala wa mji akiwa mpenda muziki, wakageukia nyuzi. Mitutu ya Maihar, panga za Miraj. Shemeji alisema Wahindi wamepata njia nzuri ya kumaliza vita.

Darini mwa karakana yamening'inia maboga makavu, makubwa kuliko kifua cha mtu, yanayotoka upande wa Pandharpur. Hukaushwa miezi kadhaa, huloweshwa, hukatwa, kisha hutanuliwa kwa vijiti ndani yapate umbo. Fundi aliyetukaribisha, mzee wa miwani mizito, alikuwa kwenye hatua ya mwisho ya tanpura ya kike. Nyuzi ni 4. Zinapita juu ya daraja pana ambalo uso wake haukulala sawasawa. Una mwinuko mdogo sana, na mwinuko huo hupatikana kwa tupa na sikio tu. Alikwangua mara mbili, akapuliza vumbi, akagonga waya. Sauti ikatoka butu. Akachukua uzi wa pamba, akaupenyeza kati ya waya na daraja, akausogeza kwa ncha ya kidole, upana wa unywele, na ghafla waya ukaanza kuvuma, noti juu ya noti zikifunguka kutoka ndani ya ile moja. Akarudisha uzi nyuma: butu. Mbele: mvumo. Akatuangalia juu ya miwani.

"Wateja wananunua mashine ya umeme sasa," akasema. "Nyepesi. Haihitaji mwanafunzi wa kuipiga." Hakuonekana mwenye uchungu. Ana maagizo ya kutosha.

Hapa Miraj ndipo alipoishi Abdul Karim Khan, mzaliwa wa Kairana huko kaskazini mwaka 1872, na kaburi lake limo katika dargah, ua wa kaburi la walii, ya mji. Sauti yake ilikuwa nyembamba, tamu, imelainishwa kwenye noti hizo hizo za tanpura mpaka huoni inapoanzia. Mnamo Oktoba 1937 alikuwa safarini kwenda Pondicherry, akajisikia vibaya, akashuka kituo kidogo cha Singaperumal Koil usiku. Inasimuliwa kwamba alitandikiwa kwenye jukwaa la stesheni, akasali, akaimba sala yake katika raga ya Darbari, akafa. Binti yake Hirabai Barodekar alikuwa miongoni mwa wanawake wa kwanza kuimba katika matamasha ya tiketi, akivaa kwa staha na kukaa jukwaani bila ishara za mikono, ili asilinganishwe na Dal Mandi. Tiketi ilimpa uhuru wake. Staha ilikuwa bei yake.

Na Miraj ndiko Vishnu Digambar Paluskar alikofundishwa na Balkrishnabuwa, mtu aliyeileta khayali ya Gwalior huku kusini. Paluskar hakutaka kula kwa mfalme. Mei 1901 alifungua shule Lahore, Gandharva Mahavidyalaya, kwa ada na michango ya watu wa kawaida, na mtoto wa yeyote aliweza kujifunza bila kujificha nyuma ya pazia.

Jumatano, Hubballi na Kundgol

Sisemi mengi kuhusu basi letu. Tulifika.

Kundgol ni mji mdogo kusini ya Hubballi, na mwanafunzi mkuu wa Abdul Karim Khan, Sawai Gandharva, alikuwa wa hapa. Gangubai Hangal alipanda treni kutoka Hubballi kuja kufunzwa naye, huku majirani wakisema walivyosema, kwa kuwa alikuwa mwanamke na ukoo wake haukuheshimiwa. Mwalimu alimbana kwenye raga chache kwa muda mrefu. Alipopona baada ya kutibiwa koo, sauti yake ikawa nzito hivi kwamba redioni ungedhani ni mwanamume, naye akaimba nayo hivyo hivyo hadi uzeeni. Alifariki 2009.

Mwingine ni Bhimsen Joshi wa Gadag. Mnamo 1933, ana miaka 11, alisikia sahani ya santuri ya Abdul Karim Khan, akatoroka nyumbani. Alisafiri bila tiketi, akiwaimbia abiria na wakaguzi, mpaka akafika Gwalior, ambako Hafiz Ali Khan, yule wa Sarod Ghar, alimsaidia kupata shule. Aliporudi akakaa na Sawai Gandharva hapa Kundgol akichota maji na kufagia kabla ya kufundishwa. Baadaye akawa sauti kubwa kuliko zote za khayali, na mpenda magari aliyejiendesha mwenyewe kutoka tamasha hadi tamasha. Tamasha aliloliendeleza Pune kwa kumbukumbu ya mwalimu wake, tangu 1953, hujaza maelfu ya watu kila Desemba. Wanalipa mlangoni.

Ijumaa, Mumbai

Paluskar alijenga jengo la shule yake hapa kwa mkopo, na 1924 likapigwa mnada. Umma nao, kama wafalme, si mlipaji wa uhakika.

Mwimbaji Kesarbai Kerkar, aliyefunzwa na Alladiya Khan kwa miaka, hakupenda maikrofoni wala redio. Aliamini watu waje wenyewe wamsikilize. Septemba 1977 alifariki, mwezi ule ule chombo cha anga Voyager 1 kiliporushwa kikiwa na sahani ya dhahabu yenye sauti yake, katika raga ya Bhairavi. Na ni Bombay hii hii Siti binti Saad aliposhuka melini 1928, ametoka Unguja, kuingiza nyimbo za Kiswahili kwenye santuri.

Kwa hiyo shemeji alinivuta hadi Chor Bazaar, kwenye duka la sahani za zamani, kuulizia za Siti. Muuzaji hakuwahi kulisikia jina hilo. Akatoa Gauhar Jaan, aliyerekodi Calcutta 1902 na kumalizia nyimbo kwa kutaja jina lake kwa Kiingereza ili mafundi huko Ulaya wasimchanganye na mwingine. Ilikuwa imepasuka. Kisha akatoa Abdul Karim Khan, lebo ya Odeon, nzima. Bei aliyotaja ilikuwa ya kitalii. Shemeji akaanza kupatana kwa Kihindi chake cha filamu, nusu saa nzima, chai ikaletwa mara mbili, bei ikashuka karibu nusu.

"Shemeji, nyumbani hatuna hata mashine ya kuipigia," nikamwambia.

"Mashine tutatafuta Mombasa," akasema, sahani tayari iko kwapani. "Wewe lipa, mimi nimebakiwa na nauli ya uwanja wa ndege tu."